Kamituga: Mkataba wa Dhahabu Uliotiwa Sahihi Vitani

Tarehe 13 Februari 1997, serikali ya Zaire, Kongo ya leo, ilitia sahihi mkataba na kampuni ya Banro ya Kanada juu ya dhahabu ya Kamituga, Twangiza, Lugushwa na Namoya, mashariki mwa nchi. Bukavu, mji mkubwa wa eneo hilo, ilikuwa mikononi mwa waasi wa AFDL tangu Oktoba 1996. Wakubwa wa Kinshasa walikuwa wanaahidi milima ambayo wenyewe hawangeweza kuikanyaga.

Mkataba huo uliizika SOMINKI, kampuni ya madini iliyozaliwa mwaka 1976 kwa kuunganisha makampuni tisa, ikiwemo MGL iliyochimba Kamituga zama za Wabelgiji. Mahali pake ikaja kampuni mpya, SAKIMA: asilimia 93 ya Banro, 7 ya serikali.

Julai 1998, Rais Laurent-Désiré Kabila, aliyekuwa kiongozi wa AFDL, akaufuta mkataba kwa amri. Banro ikakimbilia Washington, kwenye ICSID, kituo cha Benki ya Dunia kinachoamua ugomvi wa wawekezaji na serikali. Kifungu cha usuluhishi kilikuwemo mkatabani, lakini Kanada wakati huo haikuwa mwanachama wa kituo hicho. Banro ilikuwa imehamishia hisa zake kwa kampuni yake tanzu ya Marekani, nchi mwanachama, ikitumaini kupita kwa mlango huo. Waamuzi wakakataa. Septemba 2000 walisema hawana mamlaka ya kusikiliza kesi; nani mwenye haki, hawakugusa. Aprili 2002 pande mbili zikapatana: dhahabu ikarudi Banro, SAKIMA na bati lake zikabaki kwa serikali.

Kamituga kwenyewe watu waliendelea kuchimba kwa mikataba ya mdomo. Mwenye shimo, pedeje, hukusanya vijana. Mfadhili huleta chakula na tochi. Malipo ni mgao wa mawe. Mawe hayo huwafikia akina mama twangaise, jina lililotoka kwenye kutwanga. Huyaponda kwa mchi wa chuma mpaka yawe unga, vumbi likiwaganda kwenye kope, na ujira wao hutegemea neno la mwenye mawe. Kwangu mimi hiyo nayo ni mikataba, na inastahili karatasi na shahidi kama ile ya Kinshasa.

Anayetia sahihi mkataba leo, wa mgodi au wa kufungiwa intaneti dukani, asome kwanza kifungu cha ugomvi: utaamuliwa na nani, wapi, kwa fedha za nani? Wafanyakazi wa SOMINKI hawakuulizwa lolote mwaka 1997. Wengi wao wamezeeka wakidai malipo yao ya mwisho.