Mnyonya damu aliyeiokoa tamthilia

Juni 27, 1966, kituo cha ABC cha Marekani kilianza kurusha Dark Shadows, tamthilia ya kila siku iliyobuniwa na Dan Curtis. Yatima Victoria Winters alisafiri kwa treni hadi jimbo la Maine, kwenda kumlea mtoto wa ukoo tajiri wa Collins. Jumba lao lilijaa siri za familia, ila wafu walikuwa bado wamelala. Watazamaji walikuwa wachache, na tamthilia ikawa hatarini kufutwa.

Curtis hakuwa tena na cha kupoteza. Alianza kwa mizuka. Aprili 1967 akamleta Barnabas Collins, mnyonya damu aliyefungiwa jenezani tangu karne ya 18, akafunguliwa na mhuni aliyekuwa akisaka vito kaburini. Jonathan Frid, Mkanada aliyezoea kuigiza Shakespeare jukwaani, alipewa kazi ya muda mfupi: atishe watu, kisha auawe.

Lakini Frid alimwigiza Barnabas kama mtu anayeionea haya kiu yake. Barua za mashabiki zikamiminika. Wanafunzi walikuwa wakitoka shule mbio ili wamwahi. Kumuua hakukuwezekana tena, hivyo waandishi wakalazimika kueleza chanzo chake. Mwishoni mwa 1967 kisa kilirudi nyuma hadi 1795, Barnabas akaonekana kijana muungwana, aliyelaaniwa na mchawi Angelique kwa sababu moyo wake ulikuwa kwa Josette. Hapo ndipo tamthilia ilipokomaa: aliyeogopwa akaanza kuhurumiwa.

Baadaye alikuja Quentin, anayegeuka mbwamwitu mwezi unapopevuka, na visa vikarukia 1897. Kazi ilikuwa ya haraka mno. Sehemu zilirekodiwa karibu bila kurudiwa, hata maikrofoni zikaonekana kwenye picha na waigizaji wakasahau maneno. Watazamaji walivumilia yote hayo, kwa kuwa walishawajali wahusika. Visa vilipochakaa watazamaji walipungua, na Aprili 2, 1971 tamthilia ikafungwa, ikiwa na sehemu 1,225.

Anne Rice alipochapisha riwaya yake ya mnyonya damu mwenye majuto, mwaka 1976, Wamarekani walikuwa wameshamzoea Barnabas sebuleni. Mwaka 2012 Tim Burton alimrudisha kwenye sinema, akiigizwa na Johnny Depp. Kila mtunzi wa leo anayempa zimwi dhamiri ana deni kwa tamthilia hii ya alasiri. Ilithibitisha kwamba hofu peke yake humfanya mtazamaji aruke kitini. Kinachomrudisha kesho yake ni huruma.