Katuni Zilizopotea na Ushahidi wa Lugha

Mwaka 1957, mjini Miami, Marekani, kampuni ya Soundac ilitoa "Colonel Bleep", ambayo huhesabiwa kuwa katuni ya kwanza ya rangi iliyotengenezwa kwa ajili ya televisheni. Visa vyake vilikuwa vingi. Sehemu kubwa haijulikani ilipo.

Wahusika wake karibu hawasemi. Msimulizi ndiye awaelezaye watoto kila jambo. Basi kisa kipoteapo, haipotei picha tu, bali hupotea pia mfano wa namna watu wazima wa zama zile walivyosema na watoto, jambo ambalo ni nadra kuandikwa vitabuni.

Vilivyosalia viliokolewa na wingi wa nakala: filamu zilipelekwa vituo vingi, na baadhi zikaangukia mikononi mwa wakusanyaji. Siku hizi nakala za namna hiyo hutiwa katika hazina za intaneti, kama Internet Archive iliyoanzishwa mwaka 1996. Lakini kuweka picha peke yake si kuhifadhi. Yafaa yaandikwe pia maneno ya kila kisa, tarehe yake na asili ya nakala; pasipo hayo, mtafiti atasikia sauti asijue ni ya nani wala ya lini. Nasi wenye kanda za ngano za Kiswahili tusingoje hata zikaliwa na kuvu.