Kofi la Libertad Lamarque

Kuna kitu kinaniudhi katika kazi yetu hii ya uandishi wa habari. Mtu anafanya kazi zaidi ya miaka 70, halafu akifa tunamkumbuka kwa kofi moja. Tena kofi ambalo mwenyewe alilikana mpaka mwisho.

Namzungumzia Libertad Lamarque. Wapenzi wa tamthilia za Mexico mnamjua: ndiye Bibi Piedad wa La usurpadora ya mwaka 1998, yule bibi aliyekuwa akisumbuliwa na pombe. Mimi nami nilimjulia hapo, nikadhani ni bibi tu aliyetafutwa kwa ajili ya sehemu ile. Kumbe!

Alizaliwa Rosario, Argentina, mwaka 1908. Baba yake alikuwa mwanaharakati asiyetaka serikali ya aina yoyote, na binti akamwita Libertad, yaani Uhuru. Mwaka 1933 aliimba katika ¡Tango!, moja ya filamu za kwanza za sauti nchini mwao. Ilipotoka Besos brujos, mwaka 1937, tayari alikuwa nyota mkubwa.

Sasa tuje kwenye kofi. Mwaka 1944 ilikuwa inapigwa filamu ya La cabalgata del circo, muongozaji Mario Soffici. Lamarque alikuwa mhusika mkuu pamoja na Hugo del Carril. Sehemu ndogo alipewa mwigizaji wa redio aitwaye Eva Duarte, mpenzi wa Kanali Juan Perón. Eva alikuwa akichelewa kufika, wenzake wanamsubiri wameshavaa na kujipaka rangi. Lamarque, mtu wa kuheshimu saa, alikasirika. Mjini ikavuma kwamba amemzaba kofi. Mwaka 1946 Perón akawa rais, Eva akawa mke wa rais, na mwaka huo huo Lamarque akaondoka, akapitia Cuba na kuishia Mexico. Hapo uvumi ukapata miguu.

Katika kitabu cha maisha yake Lamarque alikubali kwamba alikasirika, lakini kofi alikataa. Mimi namwamini. Angekuwa amelipiga, baada ya Perón kupinduliwa mwaka 1955 angejisifia tu, na wapo ambao wangempigia makofi ya pongezi.

Lakini hata tukisema alipiga, bado tunaacha jambo kubwa zaidi. Wakati wa vita kuu ya pili Argentina haikutaka kuegemea upande wowote, na Marekani ikaibania mikanda mitupu ya filamu. Mexico, iliyoingia vitani mwaka 1942 upande wa Marekani, ikapewa mikanda ya kutosha. Mwaka 1942 Argentina ilitoa filamu 56. Mwaka 1945 hazikufika hata nusu ya hizo. Soko lote la wasema Kihispania likahamia Mexico. Ukiwa mwimbaji mwenye jina, na nyumbani mke wa rais hakupendi, ungekwenda wapi?

Kazi yake ya kwanza huko ilikuwa Gran Casino (1947), akiwa na Jorge Negrete. Muongozaji alikuwa Luis Buñuel, Mhispania, naye mkimbizi wa siasa za kwao. Nyota wawili waimbaji na muongozaji asiyependa mapenzi ya sukari! Kwenye tukio la mapenzi, Buñuel anatuonyesha kijiti kikivuruga tope. Filamu haikuuza, na Buñuel akakaa bila kuongoza filamu nyingine mpaka El gran calavera ya mwaka 1949.

Lamarque hakusubiri. Alicheza filamu zaidi ya 40 Mexico, mojawapo Escuela de música (1955) akiwa na Pedro Infante. Argentina alirudi mara kadhaa kufanya kazi, lakini makazi yake yakabaki ugenini.

Alifariki Mexico City Desemba 12, 2000, akiwa na miaka 92. Alikuwa bado kazini, akicheza mama mkuu wa watawa katika tamthilia ya Carita de ángel. Ikabidi Silvia Pinal aitwe kuvaa shela ile na kuendelea.