Kalunguta: duka bila mkataba, na sheria iliyo nyuma yake

Anayetoka Butembo kwenda Beni kwa barabara ya kitaifa nambari 2 anapita Kalunguta akiona maduka yamepangana kando ya njia: mbao, mabati, hapa na pale matofali. Wengi wanaouza humo ni wapangaji. Walipatana na mwenye nyumba kwa mdomo, wakatoa garantii ya miezi kadhaa, wakaanza kazi. Neno "kubomoa" linaposikika, wanafungasha vitu wakiamini hawana haki yoyote. Sivyo.

Kukaa bila karatasi hakukuanza jana. Tarehe 1 Julai 1885 utawala wa Leopold wa Pili ulitangaza kwamba ardhi zisizo na watu ni mali ya Serikali. Nani alipima kama hazina watu? Serikali yenyewe. Huku vijijini Wanande waliendelea kupata shamba kwa mkuu wa ardhi, wakimpa muhako, na majirani ndio mashahidi. Kisha ikaja sheria nambari 73-021 ya tarehe 20 Julai 1973, wakati wa Mobutu. Kifungu cha 53 kinasema udongo wote ni wa Serikali, na haupotei mikononi mwake hata mtu akiukalia miaka mingi. Kifungu cha 389 kiliahidi amri ya Rais ya kupanga haki za wenyeji kwenye ardhi wanazokaa kimila. Mobutu aliondoka mwaka 1997 bila kuitoa, na Kabila wawili waliomfuata hawakuitoa pia. Ndiyo maana wengi walijenga kwa ruhusa ya chifu bila sertifika ya usajili, ambayo kwa kifungu cha 219 ndiyo peke yake inayothibitisha haki ya mtu kwenye kiwanja. Kama mwenye nyumba hana karatasi, mpangaji angeitoa wapi?

Upepo uligeuka tarehe 12 Septemba 2012, sheria za OHADA zilipoanza kutumika nchini. Kifungu cha 103 cha sheria yake ya biashara kinasema mapatano ya kupanga mahali pa kazi ni mkataba, yawe yameandikwa au hayakuandikwa. Maneno hayo machache yana uzito kuliko watu wanavyodhani. Kama muda haukuwekwa, anayetaka kuvunja mapatano anapaswa kutoa taarifa miezi sita kabla. Aliyefanya biashara hapo miaka miwili ana haki ya kuendelea. Mwenye nyumba akitaka kubomoa ajenge upya, lazima aeleze kazi zenyewe. Mpangaji huyo anabaki mpaka ubomoaji uanze, na jengo jipya likiisha yeye ndiye wa kwanza kupewa nafasi. Asipopewa, analipwa fidia.

Serikali ikibomoa, mambo ni mengine. Mwezi wa Juni 2021 Marais Museveni na Tshisekedi walizindua pale Mpondwe mradi wa barabara unaogusa pia kilomita 54 za Beni hadi Butembo, na barabara ikipanuka maduka ya kando ndiyo ya kwanza kuguswa. Katiba, kifungu cha 34, inataka fidia ya haki, tena ilipwe kabla. Sheria ya tarehe 22 Februari 1977 inahesabu hata haki ya kutumia nyumba ya mwingine kati ya haki zinazoweza kuchukuliwa kwa faida ya umma, na inamlazimu aliyepokea tangazo kuwajulisha wengine wenye haki humo, wapangaji wakiwemo. Mara nyingi hapo ndipo mpangaji anapopotea: mwenye nyumba anapokea pesa kimyakimya. Lakini aliyejenga kibanda ndani ya eneo la barabara yenyewe asidanganywe: risiti ya kodi ya soko haimfanyi mwenye kiwanja.

Kuna familia zilizokimbia mashambulizi ya ADF zikaacha duka limefungwa. Kukimbia si kuvunja mkataba. Hata kama kodi haikulipwa, mwenye nyumba anatoa kwanza onyo la maandishi la mwezi mmoja, kisha jaji ndiye anayevunja. Aliyeko Butembo au Oicha na atafute vipande vyake: daftari la malipo, ujumbe wa simu wa pesa iliyotumwa, patente, jirani aliyekuwepo siku ya mapatano. Mbele ya jaji, mkataba wa mdomo unasimama kwa vitu hivyo.