Mkarafuu na Wenyewe

Msafiri aendaye Pemba wakati wa msimu, ashukapo Mkoani na kuishika njia ya Chake Chake hata Wete, hulakiwa na harufu kabla hajalakiwa na mtu. Kando ya barabara majamvi yametandikwa, na juu ya majamvi karafuu zimeanikwa, za leo zingali mbichi zenye kijani na wekundu, za juzi zimekwisha geuka hudhurungi, na mtoto ameketi kivulini na ufito mkononi akifukuza kuku. Wingu likitanda, nyumba nzima hutoka mbio kuzizoa, kwa kuwa karafuu iliyonyeshewa huharibika rangi, na ikiharibika rangi bei yake huanguka. Usiku watu huketi duara kuchambua, makonyo huku na karafuu huku, na mazungumzo yao, hata yakianzia arusini au msibani, mara nyingi huishia katika neno moja: mikarafuu ile ya fulani, sasa ni ya nani?

Swali hilo ni kongwe kuliko wanaoliuliza. Katika visiwa vyetu bendera zimepanda na kushuka, lakini aliyetaka kujua nani bwana na nani mtwana, nani mwenyeji na nani mgeni, nani mdai na nani mdaiwa, hakuwa na haja ya kutazama mlingoti. Alitosheka kuuliza nani mwenye miti.

Mti wenyewe si wa kwetu. Asili yake ni visiwa vya Maluku, ambako Waholanzi waliulinda kwa wivu mkubwa hata wakaifyeka mikarafuu yote isiyokuwa chini ya mkono wao. Na yapata mwaka 1770 Wafaransa, kwa hila za Pierre Poivre, waliichukua miche yake wakaipanda katika visiwa vyao vya Bahari ya Hindi, ambavyo leo ni Morisi na Réunion. Kutoka huko Saleh bin Haramil Al-Abry, Mwarabu wa Maskati aliyesuhubiana na Wafaransa, aliuleta Unguja mwanzoni mwa karne ya 19, wengine wakitaja mwaka 1812 na wengine 1818, nao ukapandwa Mtoni na Kizimbani. Saleh hakuachiwa kuifaidi kazi yake. Seyyid Said bin Sultan, mtawala wa Omani, aliyekuja Unguja mara ya kwanza mwaka 1828, alikwisha kuitambua thamani ya zao lile, na mashamba ya Saleh yakaingia katika milki ya Mfalme. Ningekuwa mtu wa kuamini fali, ningesema mti ule ulizaliwa na tabia yake: tangu siku za kwanza ulimponyoka aliyeupanda.

Inasimuliwa kwamba Seyyid Said aliwaamuru wenye mashamba kupanda mikarafuu mitatu kwa kila mnazi mmoja, na asiyetii atanyang'anywa shamba lake. Ikiwa amri ilitamkwa hivyo au watu waliipamba baadaye, matokeo yalionekana kwa macho: alipofariki mwaka 1856 yeye peke yake alikuwa na mashamba arubaini na tano, na jamaa na wafuasi wake kutoka Omani wameujaza mti ule magharibi na kaskazini ya Unguja, penye udongo mzuri na mvua maridhawa. Wengi wa mabwana hao walikuwa watu wa bahari na biashara, ambao baba zao walijua mtende na jangwa. Katika umri wa mtu mmoja wakawa watu wa shamba, wenye nyumba ya mawe mjini, na nyumba nyingine konde ya kupungia upepo msimu ukifika.

Na wenyeji? Wahadimu, waliokuwa chini ya mtawala wao, Mwinyi Mkuu, walibakiwa na upande wa mashariki na kusini, nchi ya maweni, ambako jiwe limetokeza juu ya ardhi na mkulima hutafuta udongo katika mashimo yake kama atafutaye maji. Wako wanaodai kwamba magharibi ile ilikuwa pori tupu na hakuna aliyedhulumiwa. Mimi siikubali kauli hiyo kwa urahisi. Pori la mtu wa visiwani ndilo kuni zake, ndilo dawa yake, ndilo akiba ya shamba la mwanawe, na lau lingekuwa halina mwenyewe, wasingalitakiwa Wahadimu haohao kwenda kulifyeka kwa zamu, bila ujira, fauka ya kodi waliyotozwa. Mwinyi Mkuu Muhammad bin Ahmad alijijengea jumba huko Dunga, akaishi humo kwa taadhima ya ngoma na siwa zake, akigawana mamlaka na Mfalme kwa namna ambayo kila mwaka ilimpunguzia yeye na kumzidishia mwenziwe. Alifariki mwaka 1865, na miaka minane baadaye mwanawe naye akafariki, cheo kikakoma.

Pemba mambo yalikwenda kwa upole zaidi. Wapemba wenyewe walikuwa wametaka msaada wa Omani ili watoke chini ya Mazrui wa Mombasa, na Waarabu walipokuja kukaa waliingia kama majirani na wakwe kuliko kama watekaji. Kwa hiyo Mpemba naye alipanda, akamiliki miti yake michache au mingi, na mpaka baina ya Mwarabu na Mpemba ukawa mwembamba kiasi cha kupitisha posa. Tofauti hii ya visiwa viwili isisahauliwe na mwenye kusoma habari zilizofuata.

Lakini kwa kila shamba palikuwa na watu ambao hawakuposwa wala hawakuulizwa. Mkarafuu hukaa miaka sita, saba, hata zaidi kabla ya kuzaa, na msimu wake unapokuja hauna subira: kichomozi kikiachwa kikachanua, hasara. Huchumwa kwa mkono, shada kwa shada, mtu akiwa juu ya tawi jepesi la kuvunjika. Kazi hiyo ilifanywa na watwana na wajakazi walioletwa kwa maelfu kutoka bara, kutoka nchi za Nyasa na kwingineko, wakapitishwa sokoni wakapelekwa shamba chini ya msimamizi, na chini yake nokoa na kadamu, ambao mara nyingi walikuwa watumwa vilevile. Ada ya shamba ilimwachia mtumwa siku mbili, Alhamisi na Ijumaa, alime kikonde chake cha muhogo. Waliotafuta kuusifu utumwa wa visiwani wameitaja sana ada hiyo. Nami naitaja pia, nikiongeza kwamba siku mbili hizo ndizo zilizomwepushia bwana gharama ya kumlisha mtu wake.

Athari nyingine iliingia polepole, kupitia chunguni. Pemba, ambayo Waarabu waliiita Kisiwa cha Kijani, ilikuwa ghala ya Mombasa. Mpunga wa mabonde yake ulivushwa kwa majahazi kulisha mji ule. Karafuu zilipoleta riyali, mikono na fikra vilihamia vilimani, na visiwa vilivyokuwa vikiuza mchele vikawa vinaununua kutoka Bara Hindi na Bama. Hayo yalionekana kuwa maendeleo mpaka mwaka 1942, Wajapani walipoitwaa Bama na mchele ukaadimika, watu wakajikuta wamezungukwa na mti wa thamani usiolika.

Tarehe 15 Aprili 1872 tufani iliipiga Unguja ikaing'oa sehemu kubwa ya mikarafuu na minazi na kuvunja vyombo bandarini. Pemba ilisalimika zaidi, na tangu siku hiyo ndiyo iliyotoa karafuu nyingi za visiwa. Mwaka uliofuata, tarehe 5 Juni 1873, Mfalme Seyyid Barghash alitia mkono mkataba wa Waingereza wa kukomesha biashara ya watumwa baharini, na soko la Mkunazini likafungwa. Fikiri hali ya mwenye shamba: miti imeanguka, mikono ya kupanda mingine imekatazwa kuingia, na bei ya karafuu imepanda kwa sababu ni chache. Aliyekuwa na shamba Pemba alitajirika. Aliyekuwa nalo Unguja tu alikwenda kwa Banyani kukopa.

Waingereza waliichukua nchi katika himaya yao mwaka 1890, na tarehe 27 Agosti 1896 waliupiga mizinga mji kwa muda usiotimia saa moja ili Seyyid Khalid bin Barghash asikae katika kiti walichomtakia Seyyid Hamoud. Kwa mkono wa huyu Hamoud ikatolewa amri ya tarehe 6 Aprili 1897 iliyoondoa utumwa katika sheria. Ni amri ya kusomwa kwa makini. Kila aliyetaka uhuru alitakiwa aende mwenyewe mahakamani akauombe. Bwana wake alilipwa fidia. Yeye hakulipwa kitu. Aliyepata uhuru na hana makao wala kazi ya kujulikana aliweza kuhesabiwa mzururaji. Masuria hawakuingizwa, wakangoja mpaka mwaka 1909. Haya yote yalikuwa na sababu, nayo haikufichwa: ushuru wa karafuu ndio uliokuwa mhimili wa hazina, na Serikali iliogopa kuwa watu wakiondoka mashambani kwa mpigo mmoja, hazina nayo itaondoka. Dola iliyokuja kwa jina la kumkomboa mtumwa ilijikuta mshirika wa bwana wake.

Wengi hawakwenda mahakamani. Waliafikiana na mabwana wao, wakabaki palepale, na hapo ndipo palipozaliwa mtu mpya wa visiwa vyetu, ambaye Serikali ilimwita skwota. Masharti yake hayakuandikwa popote na kila mtu aliyajua. Hukaa bure katika shamba la mwingine. Hulima muhogo, ndizi na viazi chini ya mikarafuu, na kwa kulima kwake shamba hupaliliwa. Msimu ukija huchuma kwa ujira wa pishi. Jambo moja haliruhusiwi: asipande mti wa kudumu. Maana kwa ada yetu mti una mwenyewe mbali na ardhi, huuzwa, huwekwa rehani, huwekwa wakfu, hurithiwa, mke apate thumni yake na binti apate nusu ya kaka yake. Na aliyeachiwa kupanda mnazi mmoja nyuma ya kibanda chake amekwisha pata neno la kusema mbele ya kadhi. Mzee mmoja wa shamba, kando ya njia ya Kizimbani, alinionyesha ua wa nyumba alimozaliwa babaye, akasema, "Hapa palikuwa na maua na mchaichai tu." Sikumwelewa mpaka nilipokuwa nimefika nyumbani.

Mwenye shamba naye hakuwa huru kama alivyodhaniwa. Kila mwaka alihitaji fedha kabla ya karafuu, ya kuwalipa wachumaji, ya mchele, ya arusi, na fedha ilikuwa kwa wafanyabiashara wa Kihindi. Kwa kuwa riba ni haramu, ilitumika bei ya khiyari: shamba huuzwa kwa kiasi fulani kwa sharti kwamba muuzaji akirudisha fedha kwa muda waliopatana atalipata, na katika muda huo hukaa humo kwa ijara. Ijara hiyo ilikuwa riba iliyovaa joho. Mashamba yaliendelea kuitwa kwa majina ya Waarabu ilhali hati zake zimo katika makasha ya Wahindi. Serikali, ambayo mwaka 1927 ilikuwa imesaidia kuundwa Chama cha Wakulima wa Karafuu, ilitoa amri za mwaka 1934 za kuzuia ardhi ya Waarabu na Waafrika isipite katika mikono ya wengine na kukipa chama kile nguvu juu ya biashara. Wahindi waliona wametengwa. Mwaka 1937 karafuu za Zanzibar zikasusiwa Bara Hindi, mojawapo ya masoko yake makubwa, hata ikapatikana suluhu mwaka 1938.

Suluhu ilihusu biashara. Walakini mbegu nyingine ilikuwa imekwisha pandwa, kwa kuwa sheria ya kumlinda mwenye shamba ilimlazimisha mtu kusema kabila lake mbele ya karani, na wakati wa Vita vya Pili vya Dunia posho ya chakula nayo iligawiwa kwa makabila. Mtu ambaye babu yake alikuja kwa jahazi kutoka Kilwa akiwa mtumwa, ambaye ameoa Makunduchi na kuswali safu moja na Mmanga, aliulizwa: wewe nani? Jibu likawa na uzito wa mchele. Chaguzi za Julai 1957 zilipoufanya uzito huo kuwa wa kura, mabwana waliwafukuza maskwota waliokuwa wa chama kingine, na usiku miti ikakatwa. Shamba lililowaweka pamoja kwa dhuluma yenye adabu, sasa liliwatenganisha kwa uadui wa wazi.

Yaliyofuata katika Mapinduzi ya Januari 12, 1964 yameandikwa na wengi, na damu iliyomwagika haipunguzwi kwa kuelezewa chanzo chake. Mwezi Machi mwaka ule ardhi yote ilifanywa ya Serikali, na baadaye wananchi wakagawiwa ekari tatu tatu, wengi wao watoto wa wale waliokatazwa kupanda mnazi. Walipewa kutumia, hawakupewa kuuza. Na mkulima wa Pemba ambaye leo anaanika karafuu zake kando ya barabara ya Wete, awe ameupanda mti kwa mkono wake au ameurithi kwa babu yake, zikikauka hana ruhusa ya kumuuzia mtu illa Shirika la Biashara la Taifa la Zanzibar.