Chatu na nyoka wa mitini katika nyika ya Voi

MJI wa Voi umekumbatiwa na nyika. Mpaka kati ya mashamba ya watu na mbuga ya Tsavo Mashariki, iliyotengwa mwaka 1948, ni wa ramani kuliko wa macho, na nyoka hawaujui. Tembo na simba wa Tsavo wametangazwa ulimwenguni kote, lakini nyoka wake hutajwa tu siku mmoja wao anapouawa kwa mawe kando ya nyumba. Mara nyingi anayeuawa siye aliyestahili kuogopwa.

Chatu ndiye anayeongoza kwa kutisha. Wataalamu huwagawa chatu wakubwa wa Afrika katika aina mbili, Python sebae na Python natalensis, na zote mbili zipo nchini Kenya. Mkubwa wa kawaida hufikia mita tatu hadi tano. Hupenda mahali penye maji au mawe: kingo za mito, mabwawa, makalvati yaliyo chini ya barabara, na vilima vya majabali ambako pimbi huota jua. Huko hungoja bila kutikisika, akihisi joto la mwili wa windo lake kwa vishimo vilivyo kwenye midomo. Chakula chake ni pimbi, kanga, sungura, digidigi na, kwa hasara ya mfugaji, mwanambuzi aliyechelewa kurudi zizini.

Chatu hana sumu. Huua kwa kujiviringa na kukaza. Kwa miaka mingi iliaminika kwamba windo hukosa pumzi, lakini utafiti uliofanywa Marekani kuhusu boa, nyoka mwingine anayeua kwa kukaza, na kuchapishwa 2015, ulionyesha kwamba mzunguko wa damu ndio unaosimama kwanza, na moyo hushindwa upesi.

Jambo wasilolijua wengi ni malezi yake. Chatu jike hutaga mayai, mara nyingi ndani ya shimo lililoachwa na muhanga, kisha huyazungushia mwili wake. Watafiti nchini Afrika Kusini, walioandika matokeo yao 2018, waliona jike akitoka kuota jua hadi mwili umepata joto kali, kisha akirudi shimoni kuyapasha mayai. Muda wote huo hali chakula, na makinda yakishaanguliwa hukaa nayo kwa takriban wiki mbili. Kwa hiyo chatu aliyelala mdomoni mwa shimo bila kukimbia huenda ni mama.

Chatu kumshambulia mtu mzima ni nadra, ingawa si jambo lisilowezekana. Mnamo Aprili 2009, karibu na Malindi, mfanyakazi wa shamba alimkanyaga chatu wa urefu wa mita nne hivi, naye akamkamata na kumpandisha mtini. Walipambana kwa saa kadhaa. Mtu huyo alimng'ata mkia, akapata nafasi ya kupiga simu ya mkononi, na polisi wakisaidiwa na wanakijiji wakamshusha kwa kamba. Chatu alipelekwa mahali pa kuhifadhia, akatoroka.

Tukio hilo lilienea duniani kwa kuwa lilikuwa kioja. Hatari isiyo na kelele hukaa juu zaidi, katika matawi ya migunga na miembe. Nyoka wengi wembamba wa kijani wanaoonekana huko hawana madhara. Hao ni jamaa ya ukukwi, wanaokula mijusi na vyura. Pwani, katika minazi na miembe, yupo pia hongo, ambaye sumu yake hushambulia neva na dalili zake huja haraka. Lakini katika nyika kavu kama ya Voi wapo wawili wengine ambao hudanganya.

Wa kwanza ni bumslangi, au Dispholidus typus. Jina hilo ni la Kiafrikana na maana yake ni nyoka wa mtini. Kichwa chake ni kifupi, macho ni makubwa mno, na akitishwa hujaza shingo upepo. Dume huwa kijani mara nyingi, jike kahawia, hivyo rangi peke yake haimtambulishi. Wa pili ni Thelotornis, mwembamba kama kijiti kikavu, awezaye kunyoosha sehemu ya mbele ya mwili hewani na kutulia mpaka ndege wadhani ni tawi. Wote wawili ni wapole, na humuuma zaidi mtu anayewashika.

Meno yao ya sumu yako nyuma, chini ya macho, na kwa sababu hiyo zamani hata mabingwa waliwadharau. Karl P. Schmidt, mtaalamu wa nyoka wa Chicago, aliumwa kidoleni na bumslangi mchanga mnamo Septemba 1957. Aliandika dalili zake kwa utulivu na hakutafuta tiba. Alifariki siku iliyofuata. Robert Mertens wa Ujerumani aliumwa na Thelotornis 1975, akafa pia.

Sumu hiyo humaliza uwezo wa damu kuganda. Kidonda huwa kidogo, mgonjwa hula na kuzungumza, kisha baada ya saa nyingi, pengine siku nzima, ufizi huanza kutoka damu. Huo ndio mtego: aliyeumwa hurudishwa nyumbani kwa kuwa anaonekana mzima.

Kipimo cha kuugundua hakihitaji mashine. Damu kidogo hutiwa katika chupa safi, kavu, ya kioo na kuachwa dakika 20 bila kuguswa. Isipoganda, mgonjwa yumo hatarini. Kufunga kamba, kuchanja kwa wembe na kunyonya jeraha huongeza madhara, hasa kwa mtu ambaye damu yake haigandi, na aspirini pia haifai. Dawa ya kuzima sumu ya bumslangi hutengenezwa Afrika Kusini, nayo ni tofauti na ile ya mchanganyiko inayotumika dhidi ya swila, koboko na kifutu. Sumu ya Thelotornis haina dawa yake. Mgonjwa huongezewa damu na kulindwa hospitalini.

Shirika la Afya Duniani liliyaorodhesha madhara ya sumu ya nyoka miongoni mwa magonjwa yaliyopuuzwa mnamo Juni 2017. Nchini Kenya, Sheria ya Wanyamapori ya 2013 iliwaingiza nyoka wenye sumu katika orodha ya wanyama ambao Serikali hulipa fidia wakiua au kujeruhi, lakini marekebisho yaliyofuata yakawaondoa. Mkulima wa Taita Taveta aliyejeruhiwa na tembo akabaki na mlango wa kubisha. Jirani yake aliyeumwa na nyoka akibeba panda za kuni akaachiwa gharama ya matibabu.