Maji Moto ya Kiabukwa

Atakayetengeneza filamu fupi ya mji wa Spa, Ubelgiji, hataacha kuonyesha mabafu yake mashuhuri. Ya Kiabukwa, chemchemi ya bonde la Upemba, katika nchi ya Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, ingeanza na mtambo. Mwaka 1952, chini ya utawala wa Wabelgiji hao hao, maji yake ya nyuzi 91 za Selsiasi yalizalisha umeme wa kilowati 200 hivi. Ulikuwa umeme wa kwanza wa jotoardhi barani Afrika; Olkaria ya Kenya, inayosifiwa sana, ilianza mwaka 1981. Mbona basi Kiabukwa imesahauliwa? Nadhani ni kwa sababu mtambo ulijengewa kampuni ya madini, nayo ilipofilisika ukazimwa.